Let's Stay Together: Al Green au Tina Turner, nani awafungulie muziki?

Kamati ya harusi ikishamalizana na ukumbi, keki na idadi ya kadi, hubaki jambo moja ambalo huachiwa maharusi wenyewe: wimbo wa kufungua muziki. Siku hizi wengi wanakwenda na Bongo Fleva, na hakuna ubaya. Ila kuna kundi lisilopungua la wanaotaka wimbo wa Kimarekani wa zamani, ambao baba na mama wanaujua na vijana wameusikia kwenye filamu. Katika orodha yao "Let's Stay Together" haikosekani. Hapo DJ anauliza: nikuwekee wa nani?

Ana haki ya kuuliza, maana upo wa Al Green uliotoka mwishoni mwa 1971, na upo wa Tina Turner uliotoka mwishoni mwa 1983. Maneno ni yale yale na tuni ni ile ile, lakini tabia zimepishana mno. Ukiuweka usiofaa kwa wakati usiofaa, utaona watu wanainuka kwenda kutafuta soda. Nitaeleza zilikotoka zote mbili na zinavyosikika, kisha kila mtu aamue. Upendeleo wangu utaonekana njiani, sina haja ya kuuficha.

Al Green, Memphis

Al Green alizaliwa Arkansas mwaka 1946 na akakulia Michigan. Mwaka 1967 alikuwa na wimbo mmoja uliovuma kiasi, "Back Up Train", kisha mambo yakapoa. Aliyemwona kuwa ni mtu wa kufika mbali ni Willie Mitchell, mpiga tarumbeta na kiongozi wa bendi kutoka Memphis. Walikutana Texas, wote wakiwa safarini kutafuta riziki jukwaani. Mitchell akamwambia amfuate Memphis atamfanya nyota. Itachukua muda gani? Miezi 18. Al akamjibu kwamba hana muda mrefu kiasi hicho. Mwishowe alikwenda.

Studio ya Mitchell, Royal, ilikuwa zamani jumba la sinema, na sakafu ilibaki imeinama vilevile kama walivyoiacha waliong'oa viti. Wanamuziki wake wa kila siku walikuwa ndugu watatu wa familia ya Hodges: Teenie kwenye gitaa, Leroy kwenye besi na Charles kwenye kinanda. Dramu zilikuwa za Howard Grimes au Al Jackson Jr., yule yule aliyekuwa akipiga na bendi ya Booker T. & the M.G.'s. Walikuwa wamezoeana hadi hakuna aliyemkanyaga mwenzake. Sauti ya Al ilipitia maikrofoni moja ya zamani yenye namba 9, na Mitchell hakutaka mtu mwingine aiguse.

Tuni waliitengeneza Mitchell na Jackson. Al akapewa rekodi ya majaribio, akaandika maneno kwa dakika chache tu. Kilichochukua muda ni kuimba. Al alikuwa amelelewa kimuziki na watu wanaofungua koo: Jackie Wilson, Wilson Pickett na wenzao. Alitaka kuonyesha nguvu. Mitchell alikuwa akimwambia alegeze, ashushe, aache kuimba kama fulani na aimbe kama Al Green. Al aliona sauti hiyo laini ni nyembamba, haina uanaume, na wimbo wenyewe hakuupenda. Walivutana siku mbili nzima kabla hajakubali kuurekodi.

Kumbe mzee ndiye aliyeona. Tarehe 12 Februari 1972 wimbo ulishika namba 1 kwenye chati ya Marekani ya Billboard Hot 100, ukiuondoa "American Pie" uliokuwa umekaa pale wiki nne. Ulikaa juu wiki moja tu, lakini kwenye chati ya muziki wa soul ulikaa kileleni wiki tisa. Uingereza ulifika namba 7. Baadaye Maktaba ya Bunge la Marekani iliuingiza kwenye orodha ya rekodi zinazostahili kuhifadhiwa kwa ajili ya vizazi.

Sasa usikilize kwa makini, ikiwezekana kwa spika za masikioni. Unaanza na matarumbeta, kifupi, kama mtu anayebisha hodi, na dramu ziko pale pale tangu mwanzo. Kisha Al anaingia, na anaingia chini. Haimbii ukumbi, anamwimbia mtu aliye umbali wa kunong'onezwa. Akitaka kupanda anabana sauti hadi inakuwa uzi, halafu anaiachia. Waitikiaji wako nyuma kabisa. Besi inatembea bila haraka. Hakuna mahali ambapo bendi inalipuka, na mtu anayesubiri mlipuko atafika mwisho wa wimbo bado anausubiri.

Maneno ndiyo yaliyoufanya uwe wimbo wa harusi. Mwanamume anatangaza mapenzi yake, anasema yuko tayari kwa lolote, kisha kwenye kibwagizo anaomba wakae pamoja, wakati uwe mzuri au mbaya, wawe na furaha au huzuni. Mkristo yeyote aliyesimama mbele ya madhabahu anajua hayo yamefanana na nini. Ni "katika shida na raha" iliyowekewa besi.

Lakini kuna ubeti ambao watu wengi huupita wakiwa wanacheza. Al anauliza kwa nini watu huachana, kisha wakageuka wakarudiana. Anasema hilo haliingii akilini mwake. Halafu anamgeukia mpenzi wake: wewe usingenifanyia hivyo, au siyo? Hiyo "au siyo" ndiyo roho ya toleo la 1971. Mtu mwenye uhakika haulizi. Ile sauti aliyoiona nyembamba ndiyo inayofanya tuamini kwamba anaogopa kuachwa, na kama angeimba kwa kifua kama alivyotaka mwanzo, swali lingegeuka kuwa amri.

Tina Turner, London

Tina naye ni mtu wa pande hizo hizo. Alikulia Nutbush, Tennessee, kilomita 80 hivi kutoka Memphis. Alikuwa tayari maarufu tangu miaka ya 1960 akiwa na mumewe Ike, na ndoa hiyo ilikuwa ya vipigo. Julai 1976, wakiwa Dallas kwa ajili ya onyesho, alimtoroka Ike hotelini, akavuka barabara kuu akiwa na senti 36 na kadi ya mafuta. Talaka ilipokamilika mwaka 1978 aliachia karibu kila kitu, akabaki na jina lake la jukwaani. Miaka iliyofuata aliimba kwenye kumbi za hoteli Las Vegas na kokote walikomlipa. Kampuni za santuri zilimwona mtu wa zamani.

Aliyemrudisha ulingoni ni Martyn Ware, Mwingereza wa kundi la Heaven 17, kijana wa sinthesaiza na mashine za mdundo. Mwaka 1982 alimwita Tina kuimba wimbo mmoja wa The Temptations kwenye albamu ya mradi wake, na mwaka uliofuata, akishirikiana na Greg Walsh, wakarekodi "Let's Stay Together". Hebu fikiria watu hao chumba kimoja: mama wa miaka arobaini na kitu aliyekulia mashambani Tennessee, na vijana wa kizungu kutoka Sheffield wenye vinanda vya umeme. Kwenye karatasi haikai. Kwenye spika inakaa vizuri sana.

Wimbo ulitoka Novemba 1983 ukapanda hadi namba 6 Uingereza, nafasi moja juu ya Al Green. Marekani ulifika 26. Namba hiyo si kubwa, ila kampuni yake, Capitol, ambayo mapema mwaka huo haikuwa na hamu naye, ikataka albamu haraka. Ikatengenezwa London ndani ya wiki chache, ikaitwa Private Dancer, ikatoka Mei 1984, na kabla mwaka haujaisha Tina alikuwa na namba 1 ya Marekani kwa wimbo mwingine wa humo. Kwa hiyo Al Green aliupata wimbo huu akiwa kijana anayepanda, na Tina akaupata akiwa ameshahesabiwa kuwa amekwisha.

Sauti yake ni dunia nyingine. Mwanzoni hakuna dramu. Kuna sinthesaiza inayotanda chini na Tina peke yake juu, akivuta maneno taratibu, karibu kama anahubiri. Kisha mdundo unaingia na wimbo unaanza kutembea, unazidi kupanda, na sauti yake yenye mikwaruzo inafunguka. Mwisho wake ni mkubwa. Ukumbi mzima unajua kwamba kuna mtu ameimba.

Na lile swali la kuachana na kurudiana? Analiimba pia. Lakini anayeliimba sasa ni mwanamke aliyeachana na mumewe kweli, na kila aliyenunua ile santuri alizijua habari zake. Al anauliza kwa sababu hajui. Tina anajua vizuri kwa nini watu huachana. Anapoomba wakae pamoja anakuwa ameshapiga mahesabu, na mtu wa aina hiyo akisema anakaa, umwamini.

Basi uchague upi

Kwa kufungua muziki, maharusi wawili peke yao katikati ya ukumbi na watu wote wamesimama na simu juu: Al Green. Hapa sina shaka. Toleo lake linawaachia nafasi, halishindani nao. Ni fupi pia, dakika 3 na sekunde chache, na kwa maharusi wasiojua kucheza dakika 3 ni ndefu vya kutosha.

Ila jihadhari na jambo moja. Watu wengi wanakumbuka wimbo huu kuwa ni wa polepole, wanafanya mazoezi ya blues, mikono shingoni, kuyumba kushoto na kulia. Si wa polepole. Una mapigo kama 100 kwa dakika. Ulaini wa sauti ya Al ndio unaodanganya. Mkiyumba kwa mwendo wa blues dramu zitawaacha nyuma na mtaonekana kama mnasubiri kitu. Chezeni kwa hatua ndogo ndogo za kutembea, mkifuata besi. Bibi harusi mwenye gauni la mkia mrefu afanye mazoezi akiwa amevaa kitu kirefu, maana kuna kugeuka.

Kwa kuingia ukumbini, Tina. Ule mwanzo usio na dramu umekaa sawasawa kwa mlango kufunguliwa, MC kunyamaza (ikiwezekana) na watu kugeuza shingo. Mdundo ukiingia, maharusi wanaanza kutembea. Akiuanza mlango ukiwa bado umefungwa, DJ ameharibu. Mwambieni asubiri ishara.

Kwa maadhimisho ya miaka 25 ya ndoa, au kwa watu wanaooana wakiwa wameshapitia ndoa nyingine, bado ningesema Tina, hata kwa kufungua muziki. Al anaimba ahadi ya mtu ambaye safari hajaianza. Wazee waliokwisha kuzikana wazazi, kusomesha watoto na kununiana miezi miwili miwili wanastahili sauti iliyopita kwenye hayo. Na kama kuna anayeona si vizuri kucheza wimbo wa ndoa ulioimbwa na mtu aliyeikimbia ndoa, akumbuke yaliyofuata: Tina alikaa na Mjerumani Erwin Bach tangu katikati ya miaka ya 1980, wakafunga ndoa mwaka 2013, na mwaka 2017 mume akampa figo yake. Walikuwa pamoja hadi Tina alipofariki Uswisi mwaka 2023.

Upande wa Al maisha hayakufuata wimbo. Mwaka 1974 mwanamke aliyekuwa na uhusiano naye alimmwagia uji wa mahindi unaochemka akiwa bafuni, kisha akajiua. Ndoa aliyoifunga baadaye ilivunjika mwaka 1983 kwa madai ya kipigo, mwaka ule ule Tina alipourekodi wimbo wake. Sisemi hivyo ili mtu aache kuupiga. Nasema ili asiyemtaka Tina kwa sababu ya talaka yake asidhani kwamba kwa Al atapata hadithi safi zaidi.

Kuna familia ambazo shida yao ni nyingine: wazazi walokole, muziki wa kidunia hawautaki hata kuusikia. Hapo Al anakupa hoja ambayo Tina hana, maana Tina alikuwa Mbudha. Al Green ni mchungaji. Mwaka 1976 alifungua kanisa lake, Full Gospel Tabernacle, huko huko Memphis, na baadaye, kwa miaka kadhaa, aliziweka pembeni nyimbo za mapenzi akaimba injili tu. Alipozirudia hakuacha madhabahu. Siahidi kwamba mama mkwe atakubali, ila "huyu ni mchungaji" imeshamaliza mabishano mengi.

Mkiwa na bendi badala ya DJ, uamuzi unategemea mwimbaji. Toleo la Al linaonekana rahisi, na ndilo gumu. Waimbaji wengi wa bendi za hoteli wamezoea kusukuma sauti ishinde spika, na ukiusukuma wimbo huu kwa namna ya Al unakufa. Mwambie akuimbie ubeti mmoja mchana, bila maikrofoni. Kama hawezi kuimba kwa ulaini, mpe mwanamke wa bendi aimbe kwa namna ya Tina na mpiga kinanda atandaze sauti nzito mwanzoni. Hapo hata kama si mwimbaji mkubwa, wimbo utambeba.

Kwa wakati wa chakula usiweke hata mmoja kati ya hiyo miwili. Al atapotea kwenye kelele za sahani, Tina atawanyima watu maongezi. Lipo toleo la Isaac Hayes la mwaka 1972, la ala tupu, saksafoni ikishika nafasi ya mwimbaji. Linafaa pilau.

Na kuna matumizi nje ya harusi, ambayo naona ndiyo mengi: kumtumia mtu usiku, mkiwa mmekosana. Tuma wa Al. Unaomba, na yeye anaomba. Wa Tina ukimtumia mtu uliyemkosea, utakuwa kama umemwekea masharti.

Umaarufu usikusumbue katika kuchagua. Yote miwili inajulikana. Wa Al umepata kusukumwa zaidi na miaka ya baadaye. Quentin Tarantino aliuweka kwenye filamu yake ya Pulp Fiction ya 1994, nyuma ya maongezi marefu ya bosi wa wahuni na bondia anayenunuliwa apoteze pambano. Januari 2012 Rais Obama aliuimba kipande kifupi jukwaani Apollo Theater, Harlem, siku ambayo Al Green mwenyewe alikuwepo, na video ikazunguka dunia. Kwa hiyo vijana wa meza za nyuma wataitikia haraka zaidi wakisikia ile hodi ya matarumbeta. Tina ataitikiwa na meza za mama wadogo na shangazi, na hao ndio huanza kucheza mapema.

Jambo la mwisho ni faili lenyewe. Mtandaoni wimbo huu una matoleo chungu nzima ya kuigiza, mengine yana picha ya Al Green na sauti si yake. Tafuta lililo kwenye albamu yake iitwayo kwa jina hilo hilo, ya 1972, lebo ya Hi. La Tina lipo kwenye Private Dancer. Mpe DJ mwenyewe kwenye flashi, usimwachie atafute siku ya siku. Kisha angalia urefu kwenye skrini yake: la Al ni dakika 3 na sekunde chache, la Tina la kwenye albamu linapita dakika 5. Ukiona 5 wakati mlitaka Al, na dramu bado hazijaanza, mna sekunde kadhaa za kumpungia mkono.